Nimestaafu Ualimu na Ninatamani Kurudi Kwenye Mashairi: Je, Wakati Umenipita?

Ndugu Mshauri,

Salamu nyingi kutoka Tanga. Mimi ni mama wa miaka 61, mjane, na mwalimu wa shule ya msingi niliyestaafu mwaka jana baada ya kushika chaki kwa miaka 36. Ninakuandikia kwa jambo ambalo nikiwaeleza majirani zangu watacheka, na nikiwaeleza wanangu, wao wamekwisha kucheka.

Nilipokuwa msichana nilikuwa mtunzi wa mashairi. Tangu nikiwa sekondari hadi nilipomaliza chuo cha ualimu nilikuwa nikituma tungo zangu magazetini, na baadhi zilitoka katika Uhuru na Mzalendo kwa lakabu ambayo sitaitaja hapa, kwa sababu kuna malenga mmoja wa Mtwara niliyelumbana naye kwa beti karibu mwaka mzima juu ya nani bora kati ya mkulima na mfanyabiashara, na sidhani kama alipata kujua kwamba aliyekuwa akimjibu kwa ukali ule alikuwa binti wa miaka 22. Kisha nikaajiriwa, nikaolewa, nikazaa watoto wanne, nikamuuguza mama mkwe, nikamuuguza mume. Shairi langu la mwisho lina tarehe ya Juni 1991. Sikukusudia kuacha, Ndugu Mshauri. Nilisema nitaendelea likizo ya Desemba, na Desemba zikapita zaidi ya thelathini.

Mwezi Machi, nikipanga makaratasi ya mafao, nililiona daftari langu la zamani, yale makubwa tuyaitayo kaunta buku, likiwa chini ya vyeti vya ubatizo vya watoto. Nililisoma usiku kucha. Asubuhi nikanunua daftari jipya nikaanza kutunga, na hiki ndicho nilichokipata baada ya wiki mbili za kukuna kichwa:

Ewe ua la moyoni, unukiaye uturi,
Umenitia shakani, silali hata fajiri,
Nikikukosa machoni, huniisha uhodari,
Njoo unipe amani, kipenzi changu johari.

Vina vimekaa na mizani imetimia, lakini nikiusoma ubeti huu kwa sauti ninahisi kama nimelivaa tena gauni nililoshonewa nikiwa msichana: linaingia, ila halifungi. Tena maneno yananikimbia. Ninajua kabisa kwamba neno lipo, linakaa ulimini, halafu halitoki mpaka usiku wa manane magoti yanaponiamsha, na kukikucha nimelisahau. Zamani nilikuwa naweza kutunga beti sita nikisubiri maharage yaive. Sasa mchana wangu wote ni kimya. Kila siku saa moja na nusu asubuhi masikio yangu huisikia kengele ya shule, ile ringi ya lori iliyoning'inizwa kwenye mwembe, nami huinuka kitini kabla sijakumbuka kwamba hakuna anayenigongea. Nikikaa tena, ndipo najilazimisha kutunga, na hakuna kinachokuja.

Kijana wangu mkubwa ananiambia kwamba mashairi ni mambo ya wanafunzi, na kwamba kiinua mgongo changu kingefaa kujengewa banda la kuku wa mayai. Wakati huohuo kuna mchapishaji mmoja aliyeniahidi kunitolea diwani ya nakala 500 ikiwa nitampa shilingi milioni nne. Ninavutwa, kwa sababu nikifa sitaki lile daftari liishie kufungia vitumbua.

La mwisho ndilo linaloniuma zaidi. Ninaishi na wajukuu wawili. Wa kike ana miaka 17, yuko kidato cha nne, naye pia anaandika, lakini anaandika hayo mashairi yao yasiyo na vina wala mizani, na huyaghani mbele ya simu. Siku moja aliniletea lake nimpe maoni. Lilianza hivi: "Ndoo yangu imekaa foleni / mimi nimekaa darasani / na hakuna kati yetu aliyejaa." Kwa mazoea ya miaka 36 nilichukua kalamu nyekundu, nikahesabu mizani, nikaandika pembeni 11, 10, 13, na chini yake nikaandika "kina kimevunjika mshororo wa tatu, rudia." Alilichukua karatasi lake akasema asante Bibi. Tangu siku hiyo, miezi mitano sasa, hajanionyesha kitu kingine. Mdogo wake wa miaka sita yeye hana habari na mtu, anachora magari na mbuzi kwa mkaa kwenye ukuta wa sebule, na kila Jumamosi ninausugua.

Nikimtazama huyo mdogo ninajiuliza mambo. Darasa la kwanza nilikuwa nikiuliza nani anajua kuimba, mikono yote inapanda. Darasa la sita nikiuliza swali hilohilo, inapanda miwili. Je, mtu akiwa amevuka darasa la sita kwa miaka hamsini, bado ana mkono wa kunyoosha, au nifuge kuku?

Wako,
Mwalimu Mstaafu, Tanga

*

Shikamoo, Mwalimu.

Ninakuamkia kwanza kwa sababu umenizidi umri, na pia kwa sababu baada ya salamu hii nitakuwa mkali kidogo, nami nisingependa ukali huo utangulie adabu.

Umeniuliza mambo matatu: kuhusu umri, kuhusu fedha na kuhusu mjukuu wako. Nimeisoma barua yako mara kadhaa na kila mara ninarudi mahali pamoja, pale ulipochukua kalamu nyekundu. Kwa miaka 36 kazi yako ilikuwa kusoma ili kutafuta kosa. Ilikuwa kazi halali na ya lazima, na wapo watu wazima wengi leo wanaoandika barua za kueleweka kwa sababu mwalimu kama wewe hakuwaonea haya. Lakini mkono uliozoea hivyo haustaafu siku moja na mwenye mkono. Ulimsahihisha mjukuu wako kabla hujamsikia, na ninaamini kwamba nafsi yako unaisahihisha mapema zaidi, kabla hata wazo halijafika kwenye karatasi. Mtu anayehesabu mizani ya sentensi ambayo bado haijazaliwa atakaa kimya mchana mzima hata kama ana miaka ishirini.

Sitakudanganya kwamba umri hauchukui kitu. Unachukua kasi. Kuliita neno na likaja papo hapo ni jambo linalopungua kadiri miaka inavyokwenda, na hicho unachokieleza, cha neno kukaa ulimini na kukataa kutoka, huwapata watu wengi wa rika lako wenye afya njema kabisa. Lakini hazina yenyewe ya maneno haipungui kwa namna hiyo. Kwa watu wengi hubaki imara, na mara nyingi huwa imeendelea kukua hata mtu anapoingia miaka ya sitini. Kwa hiyo neno lako halijapotea, ila linakuja kwa wakati wake, na wakati wake umekwisha kunitajia mwenyewe: ni usiku wa manane. Weka daftari dogo na kalamu ya risasi kando ya mto, andika neno hilo moja gizani, ulale. Malumbano ya magazetini yalidai kasi, kwa sababu mwenzako wa Mtwara alikuwa anangoja na wasomaji walikuwa wanapima nani kajibu kwa haraka na kwa makali. Hayo ni mashindano ya vijana, kama mbio za mita mia. Hakuna anayekungoja sasa, na ubeti mmoja kwa mwezi ni mazao ya kutosha.

Sasa tuutazame huo ubeti wako. Kiufundi sina la kukosoa. Sheikh Kaluta Amri Abedi, aliyezieleza sheria za kutunga mashairi katika kitabu chake cha mwaka 1954, asingekuwa na pa kukushika: mizani ni nane kwa nane, vina vya kati na vya mwisho vimenyooka, kila mshororo unajitosheleza. Ila, Mwalimu, huyo anayenukia uturi ni nani? Unasema hulali hata fajiri kwa ajili yake, na katika barua hiyohiyo umeniambia kwamba kinachokunyima usingizi ni magoti. Ulilifungua daftari la mwaka 1991 ukajaribu kuendelea pale alipoachia yule binti, kwa sauti yake, kwa mapenzi yake, kwa maua yake. Yule binti alikwisha kuyasema yake vizuri. Wewe umemzika mume, umewalea wanne, umewafundisha kusoma watoto ambao hesabu yao huijui, na hakuna hata kimoja cha hivyo kilichoingia katika ubeti. Ndiyo maana gauni halifungi.

Sentensi iliyonisimamisha katika barua yako haimo katika shairi. Ni ile ya kengele. Umeiandika kwa haraka, katikati ya malalamiko, bila kuhesabu chochote, nami niliposoma kwamba huinuka kitini kabla hujakumbuka, nilibaki nimeishika barua. Nimejaribu kuisogeza kidogo tu, na tazama ilivyoingia:

Naisikia kengele, na mgongaji hayupo.

Hesabu mwenyewe, ninajua utahesabu: nane kwa nane, kina cha kati "le", kina cha mwisho "po". Mshororo wa kwanza unao, na ulikuwa nao tangu siku ya kwanza ya kustaafu. Mitatu iliyobaki siwezi kukusaidia, kwa sababu mimi sijawahi kuinuka kitini kwa ajili ya kengele isiyolia.

Najua kwamba mtu akiuliza swali kama lako, watu humtajia Bi Kidude, yule mwimbaji wa taarab wa Zanzibar, nami nitamtaja ili nimwondoe njiani. Fatuma binti Baraka alifariki mwezi Aprili 2013 akiwa mkongwe ambaye umri wake ulikuwa mada ya mjadala, na tuzo ya kimataifa ya muziki ya WOMEX aliipokea mwaka 2005, wakati wengi wa rika lake walikuwa wamekwisha kuzikwa. Ni habari ya kupendeza, lakini haikuhusu. Bi Kidude hakuanza uzeeni wala hakurudi uzeeni; alikuwa akiimba tangu utotoni na hakunyamaza, ila dunia ndiyo iliyochelewa kumsikia. Anayetumia mfano wake kumtia moyo mtu aliyenyamaza kwa zaidi ya miaka thelathini anamwongezea uchungu tu, kwa sababu mtu huyo atajibu moyoni kwamba yeye si Bi Kidude, naye atakuwa amesema kweli.

Wa karibu nawe zaidi ni Haji Gora Haji. Alizaliwa Tumbatu mwaka 1933, akafanya kazi za bahari, akatunga kwa miaka mingi tungo zilizosikika visiwani kabla ya kusomwa kwingineko, na diwani yake ya Kimbunga ilichapishwa mwaka 1994. Toa 1933 katika 1994, Mwalimu, upate umri aliokuwa nao, kisha uutazame wako. Tungo zake zina bahari, upepo, mafumbo ya wavuvi na maneno ya visiwani, yaani vitu ambavyo kijana asingekuwa navyo kwa sababu havipatikani kwa haraka. Diwani hiyo ilikuja ikiwa imejaa kwa sababu maisha yalikuwa yamekwisha kuijaza.

Utaniambia kwamba yeye hakuwahi kuacha kutunga, na kwamba hata Shaaban Robert, mtu wa mkoa wako, aliandika vitabu vyote vile akiwa karani wa serikali, na alipofariki mwaka 1962 alikuwa na miaka 53 tu, pungufu ya hiyo uliyo nayo. Ni kweli. Lakini ukarani una saa ya kufunga ofisi, na kumuuguza mama mkwe hakuna. Sitakubali uiite miaka hiyo thelathini na kitu uvivu, wala usalama wa kipaji usiupime kwa kulinganisha maisha yako na ya mtu ambaye jioni yake ilikuwa yake. Wanawake wengi waliotunga kwa Kiswahili walitunga katikati ya shughuli nyingine, na tungo zao nyingi zilikwenda na walioziimba. Uliyoyaandika wewe yamebaki chini ya vyeti vya ubatizo, na hilo ni bahati.

Kuna mmoja ambaye ningependa umfikirie zaidi ya wote, na sina shaka ulimfundisha au ulifundishwa. Mwana Kupona binti Msham alitunga utendi wake karibu na mwaka 1858, akiwa mjane, akiwa ameshikwa na maradhi kwa muda wa mwaka mzima, miaka kama miwili tu kabla ya kufariki. Wasomaji wa leo wana ugomvi na baadhi ya mawaidha yake juu ya ndoa, nami nina wangu, lakini angalia jinsi anavyoanza. Anamwita bintiye asogee karibu, akae, na aje na wino na karatasi. Yaani mama ana maneno na mtoto ana kalamu. Utendi ambao umesomwa kwa zaidi ya karne moja na nusu unafunguka kwa mgonjwa kumwomba kijana wa nyumba yake amwandikie.

Nawe unaye mwandishi ndani ya nyumba, ila umemnyamazisha kwa kalamu nyekundu, basi tuje kwake.

Nimeisoma mishororo yake mitatu uliyoninakilia. Unasema kina kimevunjika mshororo wa tatu. Kimevunjika, ndiyo. Sikio limepewa "foleni", limepewa "darasani", linakaa likingoja "ni" ya tatu, na badala yake linapewa kitu kisichojaa. Msichana anayezungumzia ndoo tupu na kichwa kitupu ameliacha sikio la msomaji nalo tupu, mahali palepale panapostahili. Inawezekana hakukusudia, kwa sababu kipaji cha miaka 17 mara nyingi hufanya mambo kabla ya kujua kinafanya nini, lakini jambo limefanyika na ni zuri. Ningekuwa mimi ndiye niliyeandika "hakuna kati yetu aliyejaa", ningetembea mtaa mzima nikitafuta wa kumsomea.

Ugomvi huu wa kwenu si mpya, tena ulipiganwa na watu wazima wenye shahada. Euphrase Kezilahabi alikuwa na miaka 30 alipotoa Kichomi mwaka 1974, diwani iliyojaa mashairi yasiyofuata vina wala mizani, na katika miaka ile wanamapokeo, yaani walioshikilia vina na mizani, walisema waziwazi kwamba hayo si mashairi, huku wenzao wa upande wa pili wakisema kwamba vina vimekuwa pingu. Maneno yalikuwa makali pande zote. Leo mashairi ya namna zote mbili yanafundishwa shuleni, na wanafunzi wanaulizwa maswali juu ya yote mawili katika mtihani mmoja. Nikukumbushe pia kwamba ngonjera, ambazo bila shaka uliziandaa kwa ajili ya mahafali na ziara za wakubwa kwa miaka yote hiyo, zilipewa umbo hilo na Mathias Mnyampala katika miaka ya 1960. Ulipokuwa mtoto ngonjera zilikuwa kitu kipya. Wewe ulizikuta zikiwa tayari darasani ukadhani zilikuwepo tangu enzi za Muyaka, yule malenga wa Mombasa wa karne ya kumi na tisa.

Sisemi kwamba useme uongo na kumwambia mjukuu wako kwamba sheria hazina maana. Wewe unazipenda, na kuzipenda kwako kuna manufaa kwake. Ninachokuomba ni utaratibu mwingine. Mwite jioni moja, wakati mdogo wake amelala, umwambie wazi kwamba siku ile ulisoma kama mwalimu wakati yeye alimletea bibi yake. Katika desturi zetu mzee kumwomba radhi mjukuu ni jambo zito, na kwa sababu ni zito litasikika. Huna haja ya kulirefusha. Kisha umwombe kazi. Mwambie macho yako yamechoka na vidole vinakufa ganzi, na una jambo la kengele unataka kulisema, naye akuandikie kwenye simu yake kama unavyolisema, bila kurekebisha. Yeye anajua kughani mbele ya simu, wewe hujui. Wewe unajua kwa nini mizani nane hutulia sikioni, yeye hajui. Akikuuliza kuhusu vina, mjibu, asipouliza, nyamaza. Na utakapotaka kusikia kazi yake, usiombe karatasi, mwambie akughanie, kwa sababu kalamu nyekundu haina pa kuandika juu ya sauti.

Hapo ndipo utakapoliona jambo ambalo pengine halikukupitia akilini, kwamba ndani ya nyumba yako kuna umri wa aina tatu, na kila mmoja una kitu ambacho mwingine amekipoteza au bado hajakipata. Wa miaka sita hajui kama mbuzi wake hafanani na mbuzi. Wa miaka 17 anajua, na anaogopa, ndiyo maana neno moja la pembeni lilitosha kumfunga mdomo miezi mitano; umri huo ndio wenye ngozi nyembamba kuliko yote. Wewe umevuka woga wa watu, kwa kuwa huna mkuu wa shule wala mkaguzi wa kukuogofya, ila umebaki na woga wa nafsi yako. Ile mikono miwili ya darasa la sita haikupungua kutoka mikono yote kwa sababu watoto arobaini walipoteza sauti za kuimba. Ilipungua kwa sababu walikwisha kujifunza kwamba kuna kupata na kukosa.

Kuhusu fedha nitakuwa mfupi. Milioni nne kwa nakala 500 ni shilingi 8,000 kwa kila nakala kabla hujalipia usafiri, na kabla duka la vitabu halijadai sehemu yake. Mwulize huyo mchapishaji nani atakayeziuza, wapi, na nani atakayezihifadhi zisipouzwa. Akikujibu kwamba zitaletwa nyumbani kwako, basi fahamu kwamba umenunua maboksi. Mchapishaji anayemtoza mtunzi hana haraka ya kumtafuta msomaji, kwa sababu amekwisha kulipwa. Kwa sasa peleka tungo zako bora ishirini, za zamani na mpya, kwenye duka la kuchapa na kudurufu, utoe nakala kumi zenye jalada gumu, uwape watu kumi wanaosoma. Zitakugharimu sehemu ndogo sana ya hizo milioni, na daftari halitafungiwa vitumbua. Ukifika mahali pa kuwa na mswada kamili wa diwani, kuna Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, inayoratibiwa na Taasisi ya Elimu Tanzania, na kuna Tuzo ya Safal-Cornell ya fasihi ya Kiswahili, iliyoanza mwaka 2014 kwa jina la Mabati-Cornell. Zote mbili zina nafasi ya ushairi, na mswada usiochapishwa unaweza kupelekwa huko bila kumlipa mtu. Soma masharti ya mwaka husika kwa makini kabla hujatuma.

Na kijana wako asikuudhi sana. Anaogopa kwamba fedha zitaisha na mzigo utamwangukia yeye, na hofu hiyo ina sababu. Kwa hiyo jenga banda la kuku, dogo, la kuku hamsini hivi, lisilokuhitaji zaidi ya asubuhi na jioni. Sikubaliani naye kwamba banda na daftari haviwezi kukaa katika ua mmoja, na nina wazo kwamba mtu aliyezoea kuinuka saa moja na nusu kwa ajili ya kengele atafurahi kupata kitu kinachomngoja kweli saa hiyo.

Umebaki ukuta. Acha kuusugua kila Jumamosi, kwanza kwa ajili ya magoti yako. Nunua mkebe mdogo wa rangi nyeusi isiyong'aa, upake kipande cha ukuta huohuo wa sebule kama mita moja na nusu kwa upana, na chaki sidhani kama nitahitaji kukufundisha zinapatikana wapi. Mkaa uchukuliwe urudishwe jikoni. Ila unapokipima hicho kipande, usikipime kama tulivyozoea kupima ubao wa darasani. Anzia chini, kiishie usawa wa bega lake.

Wako,
Mshauri